Jaji Yuko Huru, Mpaka Bado Umefungiwa Ofisini

Kila Mkristo aliyepitia shule ya Jumapili anakijua kisa cha Nabothi na shamba lake la mizabibu. Wengi wetu hukumbuka tamaa ya Mfalme Ahabu na hila za Yezebeli, tukaishia hapo. Tunawaomba wasomaji wetu waisome tena sura ya 21 ya kitabu cha kwanza cha Wafalme, safari hii kwa jicho la mtu mwenye kesi ya shamba. Ahabu hakutuma askari kuung'oa ua wa Nabothi. Nabothi alishtakiwa. Barua ziliandikwa zikapigwa muhuri wa mfalme, wazee wa mji wakaitwa, mashahidi wawili wakasimama wakatoa ushahidi wa uongo, na hukumu ikatolewa. Kila hatua ilifuatwa. Shamba lilimwendea mfalme kwa njia ya baraza, si kwa njia ya panga.

Wapenda mageuzi wa nchi hii, tangu Saba Saba ya mwaka 1990, walilifahamu jambo hilo vyema. Hawakudai masanduku ya kura peke yake. Walidai na majaji wasioogopa. Mwaka 1988 Katiba ilikuwa imebadilishwa ili Rais aweze kumfuta kazi jaji bila ya jopo la kumchunguza. Kinga hiyo ilirudishwa mwaka 1990, lakini funzo lilikuwa limekwisha kuingia. Mwananchi wa Kiambu, Kisii au Kilifi aliyenyang'anywa shamba na mkubwa fulani alijiuliza ana faida gani kuuza mbuzi wake amlipe wakili, ilhali jaji mwenyewe anakikalia kiti chake kwa hisani ya wakubwa hao hao.

Katiba ya mwaka 2010 iliijibu dua hiyo kwa sehemu kubwa. Ibara ya 162 iliagiza iundwe mahakama ya pekee ya mambo ya mazingira na ardhi, yenye hadhi sawa na Mahakama Kuu, na sheria ya mwaka 2011 ikaiunda. Sheria ya Mahakama za Mahakimu ya mwaka 2015 nayo ikawapa mahakimu uwezo wa kusikiliza kesi za ardhi, hakimu mkuu akiwekewa kikomo cha mali ya shilingi milioni 20, ili mtu wa kijijini asilazimike kusafiri hadi makao ya jaji kwa ajili ya nusu ekari. Hatusemi kwamba mahakama hizo hazina kasoro. Kesi huahirishwa mno, na ada ya wakili ingali inawatisha maskini. Lakini jaji wa leo hana haja ya kumwomba mtu ruhusa ya kusema kweli, na uhuru huo ulinunuliwa kwa machozi.

Basi tunataka kutamka jambo ambalo, kwa maoni yetu, halitamkwi vya kutosha katika mikutano yetu wala katika makanisa yetu. Kesi ya kawaida kabisa huko mashambani, ya jirani na jirani wanaogombania mstari wa ua, haianzii mbele ya jaji huyo huru. Sheria inamkataza kuigusa.

Kifungu cha 18 cha Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012 kinaeleza kwamba mahakama haitasikiliza shauri lolote la mgogoro wa mipaka ya ardhi iliyosajiliwa hadi mipaka yenyewe iwe imeamuliwa kwa utaratibu wa kifungu hicho, na anayeamua ni Msajili wa Ardhi. Sharti hilo si geni. Lilikuwamo katika Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya mwaka 1963, likahamishwa karibu jinsi lilivyokuwa. Mwananchi asiyelijua huenda moja kwa moja kwa hakimu, hulipa ada, huleta mashahidi, kisha siku moja wakili wa upande wa pili husimama na kusema maneno machache tu, na kesi hutupwa. Hakuna aliyeuliza ni nani aliyeusogeza ua. Mlalamikaji hurudi nyumbani na bili ya gharama za mwenzake, na kijiji kizima husema ameshindwa kesi, wakati ambapo kesi yake haijapata hata kusikilizwa.

Ili tusiwe watu wa kulaumu bila ya kufahamu, hebu tueleze asili ya sharti hili. Mashamba mengi ya wananchi wa kawaida yalisajiliwa kwa mtindo ambao ramani huonyesha mahali shamba lilipo na umbo lake kwa kukadiria tu. Mpaka wa kweli ni ule ulio ardhini: ua wa minyaa, mfereji, mti wa zamani, mstari wa maua ya itoka kama walivyopanda wazee wa Kikuyu. Katika maeneo mengi ramani hizo zilitokana na picha zilizopigwa kutoka kwenye ndege, mchoraji akafuata nyua alizoziona. Katika ramani ya kipimo cha 1 kwa 2,500, unene wa milimita moja ya wino ni mita mbili na nusu za udongo. Watu wameuana kwa upana mdogo kuliko huo.

Kwa hiyo anapokuja jirani na mpima ardhi wa kukodiwa, ramani mkononi, akataka kuung'oa ua uliosimama miaka 40 kwa madai kwamba karatasi imemwongezea hatua sita, asitutishe. Ramani hiyo haikutengenezwa kuamua jambo la namna hiyo, na sheria yenyewe yasema kwamba ni ya makadirio, isipokuwa pale ambapo rejista ina maandishi kuwa mipaka imepimwa na kuthibitishwa. Tunawasihi wasomaji walishike sana jambo hili, maana ni mawakili wachache watakaolisema bure.

Ikiwa mpaka umo ardhini, basi ni sawa aende ardhini mtu mwenye ujuzi kuutafuta. Kifungu cha 19 kinampa Msajili kazi hiyo: awape taarifa wenye mashamba yanayopakana pamoja na wanaokaa humo, awape nafasi ya kusikilizwa, aamuru upimaji ufanywe, aweke ramani ya upimaji huo, kisha aandike katika rejista kwamba mipaka imethibitishwa. Tangu hapo ramani ile ndiyo isemayo, na makadirio yamekwisha. Hatuna ugomvi na hekima hiyo. Jaji hana mnyororo wa kupimia, wala hawezi kuuona mzizi wa mti uliokatwa kwa kuketi Milimani au Mombasa.

Ugomvi wetu ni huu. Sheria imemkabidhi Msajili ufunguo wa mlango wa mahakama, lakini vifungu hivyo havikumwekea siku ya kuufungua. Na ofisi aliyokabidhiwa ni ile ambayo Tume ya Ndung'u, katika ripoti yake ya mwaka 2004, ilieleza jinsi maofisa wa ardhi walivyoshiriki katika kugawa ardhi ya umma kinyume cha sheria. Hatusemi kwamba kila afisa ni mla rushwa. Wapo waaminifu wanaofanya kazi katika vyumba vilivyojaa vumbi na bila ya gari. Tunasema kwamba mwananchi anayefika pale huambiwa faili haionekani. Akirudi huambiwa mpima ardhi yuko kwingine. Akirudi tena huambiwa atafute usafiri wa maofisa na gharama zao za siku. Siku ya kwenda shambani ikifika, jirani hatokei, na shughuli huahirishwa. Wakati huo wote jirani yule yule anajenga ukuta wa mawe juu ya mstari unaogombaniwa, na mwenzake akikimbilia kortini kuomba azuiwe, anakumbushwa kwamba bado hajatoka kwa Msajili.

Hapo ndipo tunapomwona Ahabu wa siku hizi. Mwenye nguvu hana haja ya kumhonga jaji wala kutafuta mashahidi wa uongo. Yamtosha faili isitembee.

Wala hii si mara ya kwanza kwa mwananchi wa Kenya kufungiwa mlango huo. Katika miaka ya 1950, wakati wa Hali ya Hatari, serikali ya kikoloni ilipokuwa ikiyaunganisha na kuyasajili mashamba ya Mkoa wa Kati, ilizisimamisha kesi za mashamba katika mahakama za Waafrika. Maelfu ya watu walikuwa vizuizini na kambini. Waliporudi walikuta mashamba yameandikwa majina ya wengine, na pa kulalamikia hapakuwapo. Mwaka 1981, nchi ikiwa huru, migogoro ya ardhi ilitolewa mikononi mwa mahakimu ikapelekwa kwa wazee wakiongozwa na DO. Sheria ya mwaka 1990 ikaunda mabaraza ya migogoro ya ardhi, wenyeviti wake wakiteuliwa na mkuu wa wilaya, na hakimu akabakiwa na kazi ya kuupokea uamuzi wao na kuutia muhuri. Mabaraza hayo yalipewa uwezo wa kuamua mipaka na haki ya kutumia ardhi, si wa kumvua mtu hati yake. Hata hivyo yaliwavua, na Mahakama Kuu ikawa na kazi ya kuyafuta maamuzi yao mwaka baada ya mwaka. Wengi wasiokuwa na nauli ya kufika Mahakama Kuu waliyakosa mashamba yao moja kwa moja. Sheria hiyo ilifutwa mwaka 2011, nasi hatukuililia.

Tunalisema hili kwa sababu wako ndugu zetu, hata miongoni mwa wachungaji, wanaotamani mabaraza hayo yarudi. Husema korti ni ghali na huvunja undugu, na wana sababu. Katiba nayo, katika Ibara ya 159, inahimiza upatanisho na njia za jadi. Sisi twaunga mkono upatanisho wa watu wawili walio sawa, waliokubali wenyewe kuketi chini ya mti. Lakini mjane aliyeketishwa mbele ya shemeji zake ili wamwamulie kama shamba la mumewe ni lake hajapatanishwa na mtu. Ibara ya 60 inataka ubaguzi wa kijinsia uondolewe katika mila zinazohusu ardhi, na mahali pa kuidai Ibara hiyo ni mbele ya hakimu. Wazee wakikubaliana juu ya mpaka, basi makubaliano yaandikwe, yatiwe sahihi na pande zote mbili, yapelekwe kwa Msajili yaingie katika kumbukumbu. Mapatano ya mdomo hufa pamoja na waliopatana.

Je, mwananchi aliyekwama ofisini afanye nini? Ibara ya 47 ya Katiba inampa kila mtu haki ya kutendewa na ofisi ya serikali kwa haraka, kwa mujibu wa sheria na kwa uadilifu, na kupewa sababu za maandishi pale uamuzi unapoidhuru haki yake. Sheria ya Utendaji wa Haki Katika Utawala ya mwaka 2015 imeeleza namna ya kuidai haki hiyo kortini. Kifungu cha 18 kinamzuia jaji kuamua mpaka uko wapi kabla ya Msajili kuuamua. Hakimzuii kumwamuru Msajili atende kazi yake. Kati ya mambo hayo mawili pana tofauti kubwa, na ndani ya tofauti hiyo mna njia ambayo watu wetu hawajaizoea. Atakayeipita lazima awe na karatasi: ombi lililoandikwa, nakala iliyopigwa muhuri siku ya kupokewa, risiti ya ada, barua ya kukumbusha. Aendaye ofisini kwa mdomo hurudi na mdomo.

Tumezungumza juu ya mpaka. Kuna kesi ya pili, iliyo nzito zaidi, ambayo haigombanii mstari bali shamba zima: mmoja ana hati, mwingine ndiye aliye juu ya ardhi. Kesi ya namna hii haimsubiri Msajili. Mahakama huipokea moja kwa moja, na humo uhuru wa majaji umezaa matunda ambayo wengi bado hawajayaonja.

Tuanze na ndugu. Chini ya sheria ya mwaka 1963, usajili wa kwanza wa shamba haukuweza kurekebishwa na mahakama hata kama ulipatikana kwa ulaghai. Msomaji na asome sentensi hiyo mara ya pili. Kaka mkubwa aliyeandikishwa shamba la ukoo kwa sababu wengine walikuwa kizuizini, au walikuwa wadogo, au walikuwa wanawake, alipewa na sheria ngao ambayo hata wizi haukuitoboa. Majaji wengine waliitii ngao hiyo, na katika miaka ya 1970 mahakama zilisema kwamba usajili umezifuta haki za kimila. Wengine walitafuta upenyo, wakasema kwamba kaka yule anashika shamba kwa amana ya wenzake. Ugomvi huo wa majaji ulidumu hadi mwaka 2018, Mahakama ya Juu ilipoamua shauri lililotoka Meru. Iliamua kwamba amana ya kimila ni haki inayolifunga shamba lililosajiliwa hata kama haikuandikwa katika rejista, na kwamba mdai hana lazima ya kuonyesha kuwa anakaa juu ya shamba hilo. Anachopaswa kuonyesha ni kwamba ardhi ilikuwa ya familia, ya ukoo au ya kundi kabla ya kusajiliwa, kwamba yeye ni wa familia hiyo kwa uhusiano usio wa mbali mno, kwamba angestahili kuandikishwa lau si jambo fulani lililoingia kati, na kwamba anayemshtaki ni wa ukoo huo huo. Ni mama wangapi vijijini wanaojua kwamba hukumu hiyo ipo? Tunadiriki kusema kwamba iligusa maisha ya wengi kuliko hotuba nyingi za kampeni zilizotolewa mwaka huo.

Kisha kuna mgeni, yule asiye ndugu, aliyeingia shamba la mtu akalima, akajenga, akazika wazazi wake humo, na mwenye hati hakutokea. Sheria ya Muda wa Mashtaka inampa mwenye shamba miaka 12 ya kudai ardhi yake kortini. Ikipita, dai lake limekufa, na aliyekaa anaweza kuiomba Mahakama ya Mazingira na Ardhi iamuru shamba liandikwe jina lake. Lakini si kila kukaa ni kukaa kwa namna hiyo. Lazima awe amekaa waziwazi, si kwa siri. Mfululizo, si kwa kuja na kuondoka. Bila ya nguvu, na bila ya ruhusa. Mpangaji hapati shamba kwa njia hii hata akae miaka 50. Aliyekaribishwa na mwenyewe hapati. Anayekaa juu ya ardhi ya serikali hapati, na hili limewakata maini maskwota wengi wa Pwani waliodhani kwamba miaka yao itawaokoa.

Kwa upande wa mwenye hati, mahakama zetu zimeshikilia kwa muda mrefu kwamba barua ya kumwambia mtu ahame haiisimamishi miaka hiyo. Kinachoisimamisha ni kufungua kesi, au mwenye shamba kuingia na kulitwaa kwa amani, au aliye ndani kukiri mwenyewe kwamba shamba si lake. Mwalimu mstaafu anayeishi mjini na kutuma onyo kila Krismasi anajidanganya.

Wako wasomaji wetu, wenye hati na wenye heshima zao, wanaotuambia kwamba sheria hii ya miaka 12 ni wizi uliohalalishwa, na kwamba Ibara ya 40 inayolinda mali imeifuta. Hoja hiyo ilifikishwa mbele ya Mahakama ya Rufaa huko Malindi, nayo ikakataliwa mwaka 2015. Sisi tuko pamoja na mahakama hiyo. Pwani ya Kenya ndiyo inayoeleza sababu. Sheria ya Hati za Ardhi ya mwaka 1908 iliwataka watu wapeleke madai yao ili yaandikwe, na ardhi isiyodaiwa ikahesabiwa kuwa ya Mfalme wa Uingereza. Mmijikenda asiyejua kusoma tangazo la serikali alilala akiwa na shamba akaamka akiwa skwota. Karatasi iliyopatikana kwa njia hiyo, ikarithiwa na watu wasiowahi kulima hata bonde moja la mpunga, ina haki gani ya kumshinda milele aliyeutoa mwiba wa kila jembe kwa mkono wake? Tunakiri kwamba sheria hii hutumiwa vibaya na wavamizi wanaolipwa. Dawa yao ni jaji anayechunguza ushahidi.

Na hati zenyewe si maandiko matakatifu. Kifungu cha 26 cha sheria ya mwaka 2012 kinasema kwamba cheti ni ushahidi wa kwanza wa umiliki, ila kinaweza kupingwa kikiwa kimepatikana kwa ulaghai, kinyume cha sheria, bila ya kufuata utaratibu, au kwa njia ya ufisadi. Mwezi wa Aprili 2023 Mahakama ya Juu iliamua shauri la kiwanja cha Nyali, Mombasa, ambacho mwaka 1989 kiligawiwa Rais wa wakati huo, kisha kikauzwa hadi kikafika kwa kampuni. Mahakama ilisema kwamba ikiwa chimbuko la hati ni haramu, mnunuzi wa mwisho hawezi kujificha nyuma ya nia yake njema. Wale waliokuwa wakiimba kwamba hati ikishatoka imetoka, na wasome hukumu hiyo.

Neno moja juu ya polisi. Imekuwa desturi ya wenye uwezo, wakishindwa kungoja korti, kwenda kituoni na kuandikisha kwamba jirani ameharibu mali au anashikilia ardhi kwa nguvu. Jirani hulala ndani Ijumaa hadi Jumatatu, na akitoka hukuta ua wake umeng'olewa. Mkuu wa kituo si msajili wala si jaji. Na anayetaka kumwondoa mtu katika ardhi ya kibinafsi anatakiwa na sheria, tangu marekebisho ya mwaka 2016, kumpa taarifa ya maandishi ya muda usiopungua miezi mitatu, na aliyepewa taarifa anaweza kwenda mahakamani kuipinga. Buldoza linalofika alfajiri bila ya karatasi hiyo ni uvunjaji wa sheria hata kama aliyelituma ndiye mwenye hati halali.

Madai yetu, basi, hayaelekezwi kwa Jaji Mkuu peke yake kama ilivyokuwa desturi. Tunalitaka Bunge likirekebishe kifungu cha 18: Msajili awekewe siku za kuamua ombi la mpaka, na siku hizo zikipita, mahakama iwe huru kulisikiliza shauri lenyewe na kumwita mpima ardhi mbele yake. Tunataka iandikwe wazi kwamba mahakama yaweza kuzuia ujenzi na ukataji wa miti juu ya mstari unaogombaniwa wakati Msajili anangojewa. Na tunataka gharama za kwenda shambani zitangazwe ukutani katika kila ofisi ya ardhi, ili mtu ajue analolipa ni ada au ni kitu kingine.

Bunge halitafanya hivyo kwa kusihiwa kwa upole. Tunaziomba kamati za haki na amani za parokia, na vikundi vya waumini wa makanisa yote, vifungue daftari la mipaka. Ndani yake iandikwe namba ya kila shamba lenye mgogoro, siku ombi lilipopelekwa kwa Msajili, jina la cheo cha afisa aliyelipokea, na kila tarehe iliyoahirishwa pamoja na sababu iliyotolewa. Wale wenye kamera katika simu zao waipige picha kila alama ya mpaka ingali imesimama, na wazee wanaokumbuka ua ulipandwa na nani waandikiwe kiapo mbele ya wakili kabla hawajafariki. Daftari hilo lisomwe kila baada ya miezi mitatu mbele ya waumini, na nakala ipelekwe kwa Msajili, kwa mbunge, na kwa Mtetezi wa Wananchi. Parokia itakayokuwa na maombi kumi yaliyopita mwaka mmoja bila ya kujibiwa ituandikie, nasi tutatafuta wakili wa kuyafikisha yote kumi pamoja mbele ya jaji chini ya Ibara ya 47.